Nani Amepunguza Dawa?

Katika kitabu cha namba za magonjwa kinachotumiwa na hospitali za Marekani, mtu anayeweka matone ya macho pungufu ya alivyoandikiwa ana namba yake: T49.5X6A. T49 inakupeleka kwenye dawa za kupaka na kutonesha. Ile 5 ni dawa za macho. X haina maana yoyote, imewekwa kushika nafasi tu, kama ndoo tupu inayomshikia mtu foleni bombani. A inasema mgonjwa bado anatibiwa tatizo hilo. Na 6 ndiyo yenye habari: dozi imepungua.

Nimeishi na namba hizi kwa miaka kadhaa. Kazi yangu ni kusoma mafaili ya wagonjwa nisiowajua, walioko ng'ambo, na kuyageuza kuwa namba ili bima zao zilipe. Naifanya usiku, nikiwa Moshi, kwa niaba ya kampuni ambayo nayo imepewa kazi na kampuni nyingine. Watu wa kwetu Kileo wakiniuliza nafanya nini, huwa najibu kwamba nasoma vyeti vya wagonjwa wa Kizungu. Wanacheka, yanaisha.

Ukifungua jedwali la dawa katika kitabu hicho, kila dawa ina safu sita. Safu ya kwanza ni ya aliyedhurika na dawa kama sumu kwa bahati mbaya. Ya pili ni ya aliyejidhuru makusudi. Ya tatu, aliyedhuriwa na mtu mwingine. Ya nne, haijulikani. Ya tano, dawa ilitumika sawasawa lakini ikaleta madhara. Ya sita, dawa ilipungua. Kwa hiyo bibi aliyeruka matone ya jioni amekalishwa benchi moja na aliyekunywa sumu na aliyenyweshwa. Sidhani kama waliopanga jedwali walikuwa na nia ya kumtusi mtu. Palikuwa na nafasi, wakamweka.

Ila namba hiyo haisimami peke yake. Sheria ya kazi yetu inasema upungufu wa dozi hauruhusiwi kutangulia: kwanza uandike ugonjwa wenyewe, halafu upungufu, halafu sababu. Na sababu zimepangwa hivi. Z91.120: mgonjwa amepunguza dawa kwa makusudi kwa sababu ya ukata. Z91.128: kwa makusudi, kwa sababu nyingine. Z91.130: bila kukusudia, kwa udhaifu wa uzee. Z91.138: bila kukusudia, kwa sababu nyingine. Mimi siruhusiwi kukisia. Kama daktari hakuandika sababu, sababu haipo.

Ile ya kwanza ndiyo iliyonikalia kichwani. Makusudi kwa sababu ya ukata. Hivi maneno hayo mawili yanaweza kukaa chumba kimoja?

Swali ni la zamani. Aristotle, katika sehemu ya tatu ya kile kitabu chake cha maadili chenye jina la Nicomachus, anamtaja mtu anayetupa shehena baharini wakati wa dhoruba. Hakuna mwenye akili timamu anayetupa mali yake baharini kwa kupenda. Lakini mikono iliyoinua magunia ni yake, na angeweza kuyaacha. Aristotle akasema vitendo vya namna hii vimechanganyika, ila vinaelekea zaidi upande wa hiari, kwa kuwa wakati ule pale mtu alichagua. Waliotunga Z91.120 wanaonekana kumfuata bila kumtaja: mtu alichagua, na dhoruba imeandikwa pembeni.

Kiswahili chetu kinalitazama jambo hili kwa namna nyingine. Sisi husema: alishindwa kununua dawa. Kushindwa ni neno la ajabu. Linamhusu aliyejaribu asiweze, na linamhusu pia aliyepigwa mieleka akaanguka. Ukisema mtu ameshindwa, umesema pia kwamba kulikuwa na mshindani, ingawa hukumtaja. Maneno ya kliniki, kwa upande wao, yametoka shuleni. Mgonjwa wa kifua kikuu au wa virusi vya UKIMWI akiacha kuja kuchukua dawa anaitwa mtoro. Anayekuja kila mwezi ana ufuasi mzuri. Mtoro tunamjua wote: ni mtoto aliyejificha kwenye migomba wenzake wakiwa darasani, na dawa yake ilikuwa fimbo. Neno likishaingia kwenye daftari la kliniki linaingia na fimbo yake, hata kama muuguzi aliyeliandika ni mpole.

Kabla sijaendelea, niseme kidogo kuhusu ugonjwa wenyewe, kwa sababu bila kuujua mtu atadhani nazungumzia uvivu. Glaukoma, ambayo wengi tunaiita presha ya macho, huharibu mshipa unaopeleka picha kwenye ubongo. Huanzia pembeni, taratibu, mara nyingi bila maumivu, na kilichoharibika hakirudi. Si kama mtoto wa jicho, ambao ukifanyiwa upasuaji leo, kesho bandeji ikitolewa unawatambua wajukuu. Matone ya glaukoma hayakuongezei chochote. Yanawasha kidogo, yanakula hela, na kazi yake yakifanikiwa ni kwamba hutaona tofauti. Unatakiwa uyaweke asubuhi na jioni mpaka kufa ili kesho iwe kama leo. Nimefikiria sana dawa nyingine inayomtaka mtu imani kubwa namna hiyo, sijaipata.

Na si Wapare peke yao wanaoshindana nayo. Mwaka 1986 Michael Kass na wenzake huko Marekani walichapisha utafiti wao: waliwapa wagonjwa wa glaukoma chupa zenye kifaa kilichohesabu kila zilipofunguliwa. Wagonjwa walisema wametumia takriban asilimia 97 ya dozi zao. Kifaa kilisema asilimia 76. Hapo ni kwa watu wenye famasi za jirani na bima mfukoni.

Mama yangu mdogo anaishi Kileo, tambarare ya wilaya ya Mwanga, chini ya milima ya Upare ya Kaskazini. Kiangazi vumbi huingia mpaka kwenye chupa ya chai. Ana presha ya macho. Ameandikiwa timolol, tone moja kila jicho, mara mbili kwa siku. Kwa kawaida dawa hununuliwa mjini, na ukijumlisha chupa na nauli ya kwenda na kurudi unakaribia bei ya debe la mahindi, kila mwezi. Hela hiyo tulijipanga ndugu kuitoa, na inatoka.

Siku moja nilifika pale saa moja jioni nikamuuliza kama ameshaweka dawa. Akasema ameweka. Nikaomba niione chupa, kwa sababu nilitaka kuangalia tarehe ya kufunguliwa. Chupa ya timolol ikishafunguliwa inatakiwa itupwe baada ya wiki nne. Chupa haikuwepo. Ilikuwa kwa jirani.

Jirani huyo ni mwanamke wa umri wake, mjane. Kambi ya madaktari wa macho ilipopita alipimwa akaambiwa naye ana presha, akaelekezwa aanze matone na aende kliniki. Kliniki hakwenda. Kwa hiyo wawili hawa walipanga: asubuhi chupa iko kwa mama mdogo, jioni iko kwa jirani. Kila mmoja mara moja kwa siku.

Nilipiga hesabu usiku ule, maana hesabu ndiyo kazi. Chupa ya mililita tano ina matone kama mia moja na kidogo. Mtu mmoja, macho mawili, mara mbili kwa siku, ni matone manne, kwa hiyo chupa inamaliza mwezi. Watu wawili, macho mawili kila mmoja, mara moja kwa siku, ni matone manne. Inamaliza mwezi vilevile. Angekuwa mgonjwa wa Marekani, kompyuta ya famasi ingemwonyesha kuwa mfuasi wa kupigiwa mfano: ananunua kwa wakati, kila mwezi, bila kukosa.

Hapo ndipo suala lilipotoka kwenye falsafa likaingia kwenye jicho lake. Presha ilikuwa haishuki. Daktari anayeona presha haishuki na chupa inaisha kwa wakati ataamua nini? Ataamua dawa haitoshi. Ataongeza ya pili. Hatakuwa amekosea kwa alichokiona. Ni kwamba alichokiona ni cha watu wawili, yeye ana faili la mmoja. Kwenye mafaili yetu ya nyumbani ugonjwa wa mama mdogo ni H40, glaukoma, basi. Hakuna sanduku la kujaza kwamba dozi ilipungua, sembuse kwa nini. Ndiyo maana siwezi kuungana na wanaosema namba za aina hii ni udadisi wa Wazungu usiotuhusu. Bila sehemu ya kuandika kwamba dawa haikufika, kila kushindwa kwa dawa kutaandikwa kuwa ni ukali wa ugonjwa, na mgonjwa ataongezewa chupa, au atapelekwa kwenye kisu.

Kabla ya safari ya kliniki aliniambia, "Usinisemee."

Nikamjibu, "Mama mdogo, sitakusemea. Lakini nikiulizwa mimi sitadanganya."

"Hutaulizwa wewe, mwanangu."

Alikuwa sahihi. Daktari kijana alimuuliza yeye, kwa heshima kabisa: "Bibi, dawa unaweka?" Akajibu anaweka. "Kila siku?" Kila siku. Yote kweli. Daktari akapima, akatikisa kichwa, akaanza kuandika dawa ya pili, na hapo mama mdogo akasema, "Daktari, usiniongezee. Ile ya kwanza hata sijaimaliza mimi." Akaulizwa nani aliyeimaliza. "Tuko wawili."

Daktari alimweleza, na maelezo yake yalikuwa ya haki: chupa moja kwa macho ya watu wawili inaweza kupeleka wadudu kutoka jicho hadi jicho, na nusu ya dozi si nusu ya tiba. Kisha akaandika kwenye faili maneno mawili ya Kiingereza yenye maana ya ufuasi mbaya. Foleni nje ilikuwa ndefu. Kliniki siitaji, kwa kuwa sidhani kwingine wangeandika tofauti. Lakini nilisoma maneno yale kama mtu wa kazi yangu, nikaona kwamba ningeletewa faili hilo usiku ningekuwa na njia moja tu: namba ya jumla ya wasiofuata masharti ya dawa. Hata ile 6 ya kupungua nisingeweza kuiweka kwa haki. Makusudi? Haikuandikwa. Ukata? Haikuandikwa. Na ukata wa nani? Mama mdogo hela alikuwa nayo.

Hebu tulitazame kosa lake, kama ni kosa. Alijua dozi ni mara mbili. Alipunguza kwa makusudi, bila shaka yoyote. Ningemwambia kwamba hakukusudia, kwamba ni mfumo uliomlazimisha, angekasirika, na angekuwa na haki. Kuna huruma inayomnyang'anya mtu tendo lake. Watu wa milima hii hawapendi kupimwa na wasiowajua: mwaka 1945 maelfu ya Wapare walikwenda Same kuipinga kodi ya mbiru, ambayo kiwango chake kilitokana na kukadiriwa kwa mali ya mtu, na kilichowaudhi kwa kiasi kikubwa ni huko kukadiriwa kwenyewe. Kwa hiyo neno makusudi namwachia. Ni lake.

Lakini je, alitenda vema? Nilimpinga, na nilimpinga kwa hoja ya nyumbani. Upareni tuna ndiva, mabwawa madogo ya kukusanya maji ya kumwagilia, na mifereji inayoshuka kutoka kwenye ndiva hizo. Mfereji tunausafisha kwa msaragambo, wote. Lakini maji yenyewe hatugawani kwa vijiko. Yanakwenda kwa zamu: leo yote yanaingia shamba la fulani, kesho yote shamba la mwingine. Wazee walijua kwamba maji kidogo yakimwagwa kwenye mashamba yote kwa pamoja yanaishia mferejini na hakuna mhindi unaosimama. Nikamwambia, mama mdogo, ninyi mmeyagawa maji ya ndiva kwa vijiko. Huenda macho yote manne yanakauka.

Alinisikiliza mpaka mwisho. Akasema, "Sawa. Na zamu yake yeye ingekuwa lini?"

Sikuwa na jibu, na bado natafuta. Zamu inafaa pale ambapo kila mtu anajua siku yake itafika. Mtu asiye na siku kwenye ratiba akisubiri zamu, anasubiri bure, na anayemwambia asubiri kwa sababu za kitaalamu anapaswa walau kumwonyesha ratiba. Hata hivyo sikubali kwamba upendo wake unaondoa hesabu. Mshipa wa jicho haujui kama dozi ilipunguzwa kwa ubahili au kwa ukarimu. Ninachoweza kusema ni kwamba makosa hapa si ya aina moja. Kuna kosa la kipimo, na hilo ni lake, na anaweza kulirekebisha akisaidiwa. Kuna kosa la kwamba kipimo sahihi kwa mmoja kilimaanisha kumtazama mwingine akipofuka ng'ambo ya ua, na hilo sioni ni kwa kanuni gani liandikwe kwenye faili lake.

Tanzania imeshawahi kuona swali la namna hii likihamishwa kutoka kwa mgonjwa. Kongwa, mkoani Dodoma, ni moja ya sehemu ambako trakoma, ugonjwa wa vikope, ulichunguzwa sana kuanzia miaka ya 1980. Dawa iliyokuwepo ilikuwa mafuta ya tetrasaiklini: kupaka ndani ya macho mara mbili kwa siku kwa wiki sita. Jaribu kumpaka mtoto wa miaka miwili mafuta machoni mara themanini na zaidi, akilia, ukiwa na wengine watatu wanaougua hivyohivyo na maji yako mbali. Baadaye ikaja azithromaisini, dozi moja ya kumeza. Mpango wa kimataifa wa kuigawa bure ulianza mwaka 1998, na Tanzania ilikuwa kati ya nchi za mwanzo kuipokea. Akina mama ni walewale, maji ni yaleyale. Kilichobadilika ni dawa, na tatizo la ufuasi likapungua lenyewe.

Kwa glaukoma jambo kama hilo lilijaribiwa jirani kabisa na Kileo, katika hospitali ya KCMC, Moshi. Wagonjwa 201 waligawanywa: wengine wakapewa timolol, wengine wakafanyiwa tiba ya mwanga wa leza inayofungua njia ya maji ndani ya jicho. Matokeo yalichapishwa mwaka 2021. Baada ya mwaka mmoja tiba ilikuwa imefanikiwa kwa asilimia 61 ya macho ya kundi la leza, na asilimia 31 ya kundi la timolol. Leza si muujiza. Nguvu yake huisha na wengine huhitaji kurudia, na karibu macho manne kati ya kumi hayakufikia lengo. Mashine haiko kila wilaya. Lakini tiba inayofanyika mara moja kliniki haina jioni ya kuruka wala chupa ya kuazimana. Makusudi ya mgonjwa yanakosa mahali pa kushika, mazuri na mabaya.

Sasa tumewaandikisha wote wawili wapimwe kama leza inawafaa. Jirani amekubali kwenda, baada ya kuhakikishiwa kwamba nauli si mkopo.

Wiki iliyopita nilimweleza mama mdogo kuhusu namba zangu, kwa mara ya kwanza kwa kirefu. Zilimfurahisha. Aliuliza kama kuna ya mtu anayenyimwa dawa na anayemtunza. Ipo, nikamwambia, imeongezwa miaka ya karibuni: Z91.A20, mtunzaji amepunguza dawa ya mgonjwa kwa makusudi kwa ukata. Akatafakari.

"Na anayepewa?"

"Anayepewa nini?"

"Dawa ya mwenzake. Ana namba gani?"

Nikamwambia ikimdhuru nitampeleka safu ya kwanza, ile ya sumu ya bahati mbaya. Ikimfaa, hana namba.

"Basi ikimfaa haendi popote," akasema, akaniomba nimhamishie kigoda upande wa kulia, kwa kuwa upande wa kushoto alikuwa hanioni vizuri.